Kisiwa Kisicho na Bahari

Barabara ya Kisaki kutoka Morogoro ikishaiacha Bigwa huizunguka milima ya Uluguru kwa mashariki, na kufika Mkuyuni msafiri ameshaingia upande wa mvua. Upepo wa Bahari ya Hindi hugota kwenye miteremko hii na kuacha maji yake hapa: huko juu hunyesha zaidi ya milimita 3,000 kwa mwaka, ilhali Morogoro mjini, nyuma ya mlima, hazifiki hata 1,000.

Mvua hiyo ndiyo iliyokihifadhi kisiwa hiki cha msitu. Nyika ilipokauka, msitu ulibaki milimani humu peke yake kwa mamilioni ya miaka, na viumbe wake wakawa wa kwao. Mwaka 1926 mtaalamu wa wanyama Arthur Loveridge alimpata humo ndege wa kichwa cheusi, mgongo wa kijani na tumbo la manjano. Mwaka uliofuata Herbert Friedmann akampa jina la kisayansi, Malaconotus alius. Hadi leo anajulikana katika milima ya Uluguru tu.

Wajerumani walianza kuuwekea msitu mipaka mwaka 1909. Waingereza wakashuka hadi mashambani: kuanzia mwaka 1950 hivi, Waluguru walilazimishwa kuchimba matuta ya ngazi ili kuzuia mmomonyoko. Kazi ilikuwa nzito, na udongo mbovu wa chini ukafukuliwa juu. Tena ardhi ni ya ukoo, si ya chifu, na hurithiwa kwa upande wa mama; lakini serikali ilidhani kuwabana machifu kunatosha. Mwaka 1955 ghasia zikazuka Matombo, kusini ya Mkuyuni, polisi wakafyatua risasi na mtu akafa. Mpango ukaachwa.

Hifadhi ya Mazingira Asilia Uluguru, yenye hekta 24,000 na ushei, ilitangazwa mwaka 2008, ikaunganisha misitu ya Kaskazini, Kusini na Bunduki. Mipaka imeulinda zaidi msitu wa juu kuliko wa chini, ambao sehemu kubwa umekuwa mashamba. Dar es Salaam, inayokunywa maji ya mto Ruvu yatokayo huku, huukumbuka msitu huu mabomba yakikauka.

Wakulima wa Mkuyuni na Kinole sasa wanapanda karafuu, mdalasini na pilipili manga katikati ya migomba. Bei imewapandisha watu miti ambayo amri isingeipandisha, na udongo unashikwa. Ndege wa Loveridge hafaidiki sana: yeye hukaa juu kabisa kwenye miti mikubwa ya msitu, na mkarafuu hauwi msitu.