Kufuli la akaunti katika vishikwambi vya bei nafuu

Kufuli la akaunti, ambalo mafundi simu huliita FRP, ni kinga ya Android dhidi ya wizi. Kifaa kikifutwa data bila idhini ya mwenyewe, hakitumiki tena mpaka iingizwe akaunti ya Google iliyokuwamo au namba ya siri ya skrini. Google ilileta kinga hii katika Android 5.1 mwaka 2015. Apple ilikuwa na kinga kama hiyo tangu iOS 7, mwaka 2013.

Utendaji
Alama ya akaunti hutunzwa katika sehemu ya hifadhi isiyoguswa na ufutaji wa kawaida. Kifaa kinapowashwa upya, programu ya kuanzisha huisoma alama hiyo na kumdai mtumiaji uthibitisho.

Udhaifu
Mwanya wa kwanza umo katika programu hiyo ya kuanzisha. Kwenye matoleo ya zamani, kibodi, kurasa za msaada au huduma za wasioona ziliweza kufungua njia ya kuingia kwenye mipangilio. Android 15, ya mwaka 2024, iliimarisha kinga: kuiruka programu ya kuanzisha hakuondoi tena kufuli.

Mwanya wa pili uko chini zaidi. Chipu nyingi zina njia ya huduma ya kupakia mfumo kwa waya wa USB. Mtengenezaji asipoilinda njia hiyo, alama ya akaunti hufutwa kwa kompyuta.

Wa tatu ni kuchelewa kwa masasisho. Kasoro CVE-2020-0069 ya chipu za MediaTek ilimwezesha mshambuliaji kupata mamlaka yote juu ya kifaa. MediaTek ilitoa kiraka mwaka 2019, lakini hadi Google ilipoitangaza kasoro hiyo Machi 2020, vifaa vingi vya bei nafuu vilikuwa bado havijakipata.

Kufuli hili halifichi data. Kazi hiyo ni ya usimbaji. Tangu Android 10, ya mwaka 2019, vifaa vipya vyote vinatakiwa kusimba data, vikiwemo vya bei ya chini.

Ushauri
Kufuli lilelile humnasa pia mnunuzi mwaminifu wa kifaa kilichotumika. Muuzaji aondoe akaunti yake kabla ya kufuta data. Mnunuzi naye asilipe mpaka kishikwambi kifutwe na kuanzishwa upya mbele yake, na aangalie tarehe ya sasisho la mwisho la usalama. Kisichosasishwa tena hakifai kutunzia nyaraka za siri, hata kiuzwe rahisi namna gani.