Senema Moja ya Jimmie Rodgers

Jimmie Rodgers, aitwaye baba wa muziki wa kantri wa Marekani, alizaliwa mwaka 1897. Alikuwa mfunga breki wa garimoshi, hata kifua kikuu kikamwachisha kazi. Mwaka 1927 akaanza kurekodi nyimbo. Senema yake ni moja tu, ya mwaka 1929: katika dakika zipatazo kumi huonekana amevaa nguo za kazi yake ya kale, akiimba nyimbo tatu. Alifariki mwaka 1933. Santuri zake, hata hivyo, zilifika kwa Wakipsigis wa Kenya. Mwaka 1950 Hugh Tracey aliwarekodi wasichana wao wakimwimba “Chemirocha”, ndilo jina lake katika matamshi yao, kiumbe nusu mtu nusu paa. Senema iliuhifadhi uso wake kama ulivyokuwa. Sauti iliyosafiri bila uso ilipewa umbo jipya na walioisikia.