Mwana Kriketi Aliyezikwa Ibambi
Agosti 29, 1882, uwanja wa Oval, London. Uingereza ilihitaji mikimbio 85 tu kuishinda Australia, lakini mrushaji mpira wa Australia, Fred Spofforth, aliwang'oa wapigaji mmoja baada ya mwingine. Charles Studd, kijana wa miaka 21, aliingia wa kumi, akasimama na gongo mkononi bila kurushiwa hata mpira mmoja. Mwenzake akatolewa, na Uingereza ikalala kwa mikimbio 7. Hapo ndipo lilipozaliwa shindano la Ashes, linalochezwa hadi leo.

Mwaka 1885 Studd aliuacha umaarufu wa kriketi, akaenda China kuhubiri Injili. Urithi wa baba yake akaugawa.

Mwaka 1913, akiwa na miaka 52 na pumu ikimsumbua, alipita Kenya na Uganda, akavuka Ziwa Albert na kuingia Kongo pamoja na mmisionari mwenzake Alfred Buxton. Alihubiri Nala, kisha Ibambi, akatafsiri Agano Jipya kwa Kingwana, Kiswahili cha huko. Mkewe Priscilla, aliyeisimamia misheni yao kutoka Uingereza, alifika kumwona mara moja tu, mwaka 1928, kwa wiki mbili.

Tangu alipoondoka Uingereza mara ya mwisho mwaka 1916, Studd hakurudi tena kwao. Alifariki Ibambi Julai 16, 1931, akazikwa huko huko. Misheni aliyoianzisha ingali hai.