Jorge Prelorán: kutoka kwa magaucho hadi kwa mtu mmoja

Sinema ya Argentina ilimpenda gaucho mapema. Mchunga ng'ombe huyo wa nyika, na farasi wake, poncho yake na kisu kirefu kiunoni, alijaza kumbi tangu enzi za filamu bubu na Nobleza gaucha ya 1915. Mwaka 1942 Lucas Demare akamtukuza katika La guerra gaucha kuwa shujaa wa vita vya uhuru.

Jorge Prelorán, mzaliwa wa Buenos Aires mwaka 1933, alimfuata gaucho aliye hai. Alikuwa amesomea filamu UCLA, California, na mwanzoni mwa miaka ya 1960 taasisi ya Tinker ya New York ikamwagiza atengeneze filamu za magaucho. Alizunguka mikoani, akarekodi kazi, mavazi na desturi. Zilikuwa filamu nzuri, ila zilizungumzia kundi. Mtazamaji alijua gaucho anavyoishi bila kumfahamu gaucho yeyote.

Mabadiliko yalikuja Jujuy, kwenye nyanda kame za juu za Andes, alipokutana na Hermógenes Cayo, mchonga sanamu za watakatifu aliyejifundisha mwenyewe. Mwaka 1946 Cayo alikuwa miongoni mwa wenyeji waliotembea kwa miguu hadi Buenos Aires kudai ardhi yao. Wakarudishwa kwa nguvu ndani ya treni. Katika Imaginero, iliyokamilika mwishoni mwa miaka ya 1960, anayasimulia maisha yake mwenyewe.

Namna ya kuifanya kazi hiyo ilitokana na uhaba. Kamera ya Bolex ya milimita 16 ilijazwa kwa mkono kama saa, ikapiga picha kwa nusu dakika tu, bila sauti. Basi Prelorán alikaa na mwenyeji wake, akamrekodi kwa kinasa sauti akizungumza kwa utulivu, pasipo lenzi usoni. Picha alizipiga kwa wakati wake, kisha mezani akazioanisha na maneno. Ndiyo maana tunamwona Cayo akichonga huku tukisikia anachokiwaza. Naamini hapo ndipo ukuu wa Prelorán ulipo, kwa sababu mwanakijiji hakuwa tena na mtu wa kumsemea.

Kwa njia hiyo alimrudia mfugaji. Cochengo Miranda (1975) inatupeleka magharibi mwa La Pampa, nchi ya ukame na upepo, kwa mfugaji mdogo anayependa gitaa na kuimba. Huyu sasa ana jina, ana watoto, ana wasiwasi wa maji. Katika Los hijos de Zerda anayesema ni mkata miti anayetamani wanawe wapate maisha tofauti na yake.

Baada ya mapinduzi ya kijeshi ya 1976 Prelorán alihamia Marekani, akafundisha UCLA hadi miaka ya 1990. Huko Luther Metke at 94, kuhusu mzee wa Oregon anayejenga nyumba za magogo, iliteuliwa kuwania Oscar. Alifariki California mwaka 2009, na kumbukumbu zake za filamu zimehifadhiwa Smithsonian, Washington.