Kabla ya Chai: Wakipsigis na Vita vya Ng'ombe

Mwaka 1890 hapakuwa na shina hata moja la chai kati ya Kericho na Bomet. Vilima hivi vilikuwa msitu na malisho, na pale palipofyekwa palilimwa wimbi. Mali ilikuwa ng'ombe. Mahari yalitolewa kwa ng'ombe, damu ya mtu ililipwa kwa ng'ombe, na kijana asiye nao alikuwa na njia mbili tu: angoje urithi wa baba yake, au aende kuwateka kwa Wagusii, Wajaluo, Wakuria au Wamaasai.

Wengi hawakungoja. Na kwa kuwa waliovamiwa hawasahau, sifa ya Wakipsigis kwa majirani ilikuwa moja: wezi wa mifugo. Ndivyo ilivyokuwa pia kwa Waviking wa Skandinavia. Mwaka 793 walishuka kutoka kwenye merikebu zao katika kisiwa cha Lindisfarne, kaskazini mwa Uingereza, wakaua watawa na kupora hazina ya kanisa. Waliojua kuandika walikuwa watawa, kwa hiyo kwa karne nyingi Ulaya iliwajua watu hao kwa kalamu ya wale waliowachinja. Simulizi za wazao wa Waviking, zilizoandikwa Iceland karne nne baadaye, zinatuonyesha sura nyingine. Svein Asleifarson wa visiwa vya Orkney alipanda mbegu zake masika, akaenda kuvamia, akarudi kuvuna, kisha akatoka tena kabla ya majira ya baridi. Mkulima na mvamizi walikuwa mtu yule yule.

Mkipsigis wa karne ya 19 angemwelewa Svein bila mkalimani. Tofauti ni kwamba Svein aliitegemea merikebu yake na marafiki zake, ilhali kijana wa Kipsigis alizaliwa akiwa na jeshi lake tayari. Tohara ilimwingiza katika rika, na majina ya marika, kama Maina, Chumo, Sawe na Nyongi, yalizunguka kizazi baada ya kizazi, yakirudi tena baada ya miaka mia na zaidi. Juu ya rika kulikuwa na vikosi vinne vya vita: Kipkaige, Kasanet, Ng'etunyo na Kebeni. Mtoto wa kiume alifuata kikosi cha baba yake. Kwa hiyo katika nyumba zilizopakana ungeweza kukuta watu wa vikosi tofauti, na baragumu ya vita ikilia kila mmoja alijua pa kukimbilia.

Kuua hakukuwa jambo jepesi, hata kwa watu walioishi kwa mkuki. Ofisa Mwingereza A. C. Hollis, aliyeandika kitabu kuhusu Wanandi mwaka 1909, alieleza desturi ya ndugu hao wa karibu wa Wakipsigis. Aliyemuua adui alijipaka rangi nyekundu upande mmoja wa mwili, na nyeupe upande wa pili; mkuki na simi navyo vikapakwa hivyo hivyo. Siku nne alikuwa najisi. Hakuingia nyumbani, hakumgusa mke. Alijijengea kibanda kando ya kijito akaishi humo peke yake. Mwisho alikunywa dawa kali ya gome la mti ya kumharisha, kisha maziwa ya mbuzi yaliyochanganywa na damu. Ndipo akarudi kuwa mtu.

Ng'ombe walioletwa nao hawakufungwa zizi moja. Mwenye busara aliwagawa kwa marafiki wa mbali, kwa utaratibu uitwao kimanagan: rafiki alikunywa maziwa, mwenye mali akabaki na ng'ombe na ndama wake. Ugonjwa ukiingia kijiji kimoja, au Wamaasai wakija kulipiza usiku, hukupoteza wote. Utaratibu huo, nadhani, unaeleza mengi kuhusu Wakipsigis kuliko mikuki yao yote.

Haikuwa vita kila mwaka. Njaa ikiingia upande mmoja, watu walibadilishana nafaka na mifugo na wale wale waliopigana nao. Watoto waliotekwa walilelewa wakawa Wakipsigis kamili, na hadi leo zipo koo zinazojua kwamba asili yao ni Gusii au Umaasaini.

Kisha yakaja maafa ya Mogori. Karibu mwaka 1890, wakati tauni ya ng'ombe ilipokuwa ikiteketeza mifugo kote Afrika Mashariki, jeshi kubwa la Wakipsigis lilielekea kusini-magharibi kutafuta ng'ombe. Lilikwenda mbali mno. Majirani waliozoea kuvamiwa mmoja mmoja safari hii waliungana, wakalizingira, na waliorudi nyumbani walikuwa wachache. Wagusii nao husimulia ushindi wao dhidi ya Wakipsigis huko Saosao, katika miaka hiyo hiyo. Mkuki kwa nguruwe mtamu, kwa binadamu mchungu. Lakini Wakipsigis hawakuuficha msiba wa Mogori. Wazee waliusimulia pamoja na ushindi wao, na ndiyo sababu tunaujua.

Mwaka 1890, Wanandi walimuua orkoiyot wao, mwaguzi Kimnyole arap Turukat, wakimlaumu kwa mikosi iliyowaandama. Wanawe wakatawanyika. Koitalel arap Samoei alibaki Nandi, akaongoza upinzani dhidi ya Waingereza hadi alipouawa Oktoba 1905. Kipchomber arap Koilegen alikwenda kwa Wakipsigis, akawa orkoiyot wao. Orkoiyot hakuwa mfalme. Alikuwa mtu ambaye vijana hawakupenda kutoka kwenda vitani bila baraka zake, na hilo kwa serikali ya kikoloni lilikuwa kosa tosha.

Mwaka 1901 reli ilikuwa imefika Kisumu, na serikali hiyo ikawa karibu zaidi. Mwaka 1905 Wakipsigis wa Sotik waliwavamia Wamaasai, wakachukua ng'ombe na mateka. Serikali iliwaamuru wawarudishe; walikataa. Kikosi kilichoongozwa na ofisa Mwingereza, Pope-Hennessy, kikaingia Sotik na bunduki za Maxim. Idadi ya waliouawa inayotajwa mara nyingi leo ni watu 1,850, wanawake na watoto wakiwemo. Askari walirudi wakiswaga ng'ombe. Kwenye karatasi za serikali, Wakipsigis walipochukua ng'ombe uliitwa wizi. Jeshi lilipowachukua, iliitwa adhabu. Baadaye ardhi ya Sotik ilikatwa kuwa mashamba ya walowezi, ukuta kati ya Wakipsigis na majirani zao.

Upande wa Kericho, mwaka 1919 maeneo makubwa yalitengewa maofisa Waingereza waliolemazwa na vita vya kwanza vya dunia, walime kitani. Bei ya kitani ikaporomoka, mradi ukafa. Ardhi haikurudi kwa wenyewe. Katikati ya miaka ya 1920 zilifika kampuni za Brooke Bond na James Finlay, na chai ikaanza kupandwa kwa ukubwa tunaoujua.

Waaguzi walikuwa wamekwisha kuanza kuondolewa. Kipchomber na ndugu zake walihamishwa mwaka 1914. Mwaka 1934 ikatungwa sheria mahususi ya kuwaondoa walaiboni, kama Waingereza walivyowaita waaguzi, na ukoo wao mzima wa Talai, watu wapatao 700, ukahamishiwa Gwassi, kando ya ziwa Victoria, kwenye mbung'o na malaria. Serikali ilidai ukoo huo ndio chanzo cha wizi wa mifugo na fitina. Wengi walikufa huko. Waliosalia walirejea mwaka 1962 na kukuta nchi yao imegawanywa. Baadhi walibaki wakiishi bila ardhi pembezoni mwa mji wa Kericho.

Mwaka 2019 Wakipsigis na Talai walipeleka malalamiko yao Umoja wa Mataifa. Agosti 2022 waliishitaki Uingereza mbele ya Mahakama ya Haki za Binadamu ya Ulaya, Strasbourg, kwa ardhi iliyochukuliwa na kwa miaka ya Gwassi.