Kuelewa: Neno Lililoelea

Yapo madai ya zamani, wala hayajafa, kwamba maneno ya akili katika Kiswahili yote yaliletwa na majahazi kutoka Arabuni. Mifano haikosekani: akili yenyewe, fikra, hisia, dhana, na kufahamu, kitenzi kinachosikika sana Unguja na Pemba. Mwenye kuyashikilia madai hayo hukata shauri upesi kwamba Mswahili aliazima hata uwezo wa kutaja kinachompitia moyoni. Kuelewa kunamkanusha.

Kitenzi hiki kimezaliwa na kuelea. Kamusi ya Kiswahili kwa Kiingereza iliyotolewa mwaka 1939 chini ya uhariri wa Frederick Johnson inakipa kuelea maana ya kukaa juu ya maji, kisha maana ya kuwa wazi kwa msikilizaji. Ndiyo maana ya kauli "Maneno yako yamenielea." Msemaji hapo hajatenda kitu. Maneno ndiyo yaliyotenda: yalikuwa chini, yakapanda, yakaonekana. Vivyo hivyo kueleza ni kulifanya jambo lielee, kama maji ya bamvua yanavyokieleza chombo kilicholala mchangani. Wala mzizi huu si wa pwani peke yake. Kishona, mbali kusini, kina kuerera kwa kitu kinachochukuliwa na maji.

Kuelea kukitiwa katika kauli ya kutendwa, hupatikana kuelewa. Kwa asili, basi, mwenye kuelewa ni mtendwa: mtu aliyefikiwa na jambo lililoelea. Lugha imelisahau hilo. Siku hizi husemwa "Nimeyaelewa maneno yako," na kitenzi cha kutendwa kimebeba yambwa kana kwamba ni cha kutenda. Ile -w- imegandamana na mzizi hata ikapokea viambishi vingine juu yake: kueleweka, kuelewana, kuelewesha. Kupendwa hakuzai "kupendweka", na anayelitamka neno hilo atachekwa na watoto.

Njia hiyo imepitwa na kuchelewa pia. Asili yake ni kucha kwa usiku. Aliyechelewa ni yule aliyekuchiwa na mapambazuko kabla hajaondoka. Naye leo ana kuchelewesha, na hakuna anayekumbuka alfajiri anapolitumia kwa kikao cha saa kumi jioni.

Kufahamu kulikuja na tabia nyingine. Katika Kiarabu, fahima ni tendo la mwenye akili. Yeye hulishika jambo. Vitenzi viwili hivi sasa hufasiriana katika kamusi, na mwalimu huuliza "Mmefahamu?" au "Mmeelewa?" bila ya kupima tofauti. Lakini asiyeelewa bado anayo ile sentensi ya kale, "Hayajanielea," na kwa sentensi hiyo lawama hubaki kwa maneno, au kwa aliyeshindwa kuyaeleza.