HMS Centaur: manowari iliyozima maasi ya jeshi Dar, 1964

Wadau wa Rubya, Kamachumu na Bukoba mjini, meli tulizozoea huku ziwani ni za abiria na mizigo. Leo tuicheki manowari ya kubeba ndege, HMS Centaur ya Uingereza, iliyoingia kwenye historia yetu kwa asubuhi moja tu.

Ilianza kujengwa Belfast mwaka 1944, ila vita vikaisha kabla haijamalizika. Ikashushwa majini 1947, ikaanza kazi 1953. Urefu wake mita 224 hivi, yaani viwanja viwili vya mpira ukivipanga mstari mmoja!

Januari 20, 1964, wanajeshi wa Tanganyika Rifles kambi ya Colito, Dar, waliasi. Walitaka mishahara iongezwe na maafisa wa Kiingereza waondoke, Waafrika washike vyeo. Kesho yake Tabora nao wakafuata. Oscar Kambona alijadiliana nao, lakini hali haikutulia. Tarehe 24, Mwalimu Nyerere akaomba msaada kwa Uingereza, mkoloni yuleyule tuliyeachana naye Desemba 1961. Fikiria ugumu wa kuandika barua ile. Mwalimu mwenyewe hakuficha kwamba ilikuwa aibu kwa taifa.

Centaur ilikuwa imeshafika karibu, ikitokea Aden na makomandoo wa kikosi cha 45, magari ya deraya na helikopta. Alfajiri ya tarehe 25 helikopta zikawashusha Colito, huku manowari nyingine, HMS Cambrian, ikipiga mizinga ya kutisha tu. Brigedia Sholto Douglas, kamanda wa jeshi hilohilo lililoasi, akawaita kwa kipaza sauti wajisalimishe. Wakagoma. Roketi ikapiga jengo la walinzi langoni, na haikuchukua muda kambi ikatekwa. Waasi kadhaa waliuawa. Tabora walisalimu amri bila vita.

Jeshi lote likavunjwa, Nigeria ikatuletea askari wa kushikilia kwa muda, na Septemba 1, 1964 ikazaliwa JWTZ, vijana wengi wakitoka TANU Youth League. Ndiyo JWTZ hiyohiyo iliyomtimua Amin huku kwetu Kagera baada ya uvamizi wa 1978. Colito sasa ni Lugalo.

Centaur yenyewe ilistaafishwa 1965, na 1972 ikakatwa vyuma chakavu huko Scotland. Ndugu yake Hermes aliuzwa India, akaitwa Viraat, akapiga kazi mpaka 2017.